Barafu Ambayo Haikufika Kijichi

Mama yangu aliuza barafu Mbagala kwa miaka 14. Zile za mifuko midogo ya nailoni, za ukwaju, za ubuyu na za maziwa, zinazofungwa fundo juu, mtoto anaing'ata kona na kunyonya. Friza yetu ilikuwa nyeupe, yenye kutu miguuni, na ilikaa sebuleni kwa sababu hakukuwa na pengine pa kuiweka. Mama aliitandikia kitambaa alichokifuma mwenyewe. Umeme ukikatika usiku, wa kwanza kujua nilikuwa mimi, kwa kuwa nililala chini karibu nayo. Kwanza mlio wa mota ulinyamaza. Kisha, kabla ya alfajiri, maji yalianza kutambaa sakafuni hadi yakafika kwenye ncha ya godoro langu. Mama aliamka, akachukua tambara, akawa anakausha na kulikamulia kwenye ndoo bila kusema neno. Mtaji wa wiki nzima ulikuwa umerudi kuwa maji.

Leo mimi ni mwalimu wa jiografia katika sekondari moja ya Temeke, mwaka wa 22 sasa, na sijapata kifaa cha kufundishia zama za barafu kinachoishinda friza ile.

Sura ya mito ya barafu ni ngumu kuifundisha huku kwetu. Kitabu kimejaa picha za Uswisi na Norwei: mabonde mapana, vilele vilivyochongoka, maziwa ya buluu katikati ya milima. Wanafunzi wananakili majina, wanayakariri, wanayamwaga kwenye mtihani na kuyaacha huko huko. Miaka kadhaa iliyopita binti mmoja wa kidato cha tatu, aliyekuwa akija kwa miguu kutoka Mtoni Kijichi kila asubuhi, aliinua mkono akasema: "Samahani madam. Hiyo barafu haikufika Kijichi. Sasa sisi inatuhusu nini?" Nilimwambia maneno mawili matatu kuhusu Kilimanjaro, kengele ikalia, tukatoka. Lakini njiani kwenda nyumbani nilijua kabisa kwamba sijamjibu.

Binti yule sasa ana watoto wawili na duka la vitenge Rangi Tatu. Nikipita tunasalimiana. Jibu lake ni hili hapa, limechelewa.

Alisema kweli: barafu haikufika Kijichi. Hakuna mwamba hata mmoja wa Dar es Salaam uliokwanguliwa na mto wa barafu. Ila maji ya kutengenezea barafu hayatoki hewani. Mama alipotaka kujaza friza alichota kwenye pipa, na kila alipochota, maji ya pipa yalishuka. Pipa la dunia ni bahari. Jua linavukiza maji ya bahari, mvuke unasafirishwa na upepo, unaanguka kama mvua, na mvua inarudi baharini kwa mito. Huo ndio mzunguko tunaouchora ubaoni kwa mishale. Katika zama za barafu mshale wa mwisho ulikatika. Kaskazini mwa dunia maji yalianguka kama theluji, na theluji ile kiangazi kilipofika haikuyeyuka. Ya mwaka uliofuata ikaangukia juu yake. Miaka elfu kwa elfu, theluji ikalaliana, ya juu ikaikandamiza ya chini mpaka hewa ikatoka na ikawa barafu ngumu. Karibu Kanada yote ilifunikwa, na kaskazini mwa Ulaya vivyo hivyo. Kuna mahali unene wake ulizidi kilometa 3. Hebu weka nusu ya Kilimanjaro chini ya barafu tupu, uione.

Maji yote hayo yalichotwa baharini na hayakurudishwa. Kipindi cha mwisho cha baridi hiyo kilifika kilele kama miaka 21,000 iliyopita, na wakati huo uso wa bahari duniani kote ulikuwa chini ya ulivyo leo kwa mita 120 hivi, au zaidi kidogo. Wanafunzi wangu nawaambia wafikirie yale majengo marefu ya katikati ya jiji, ya ghorofa 30 na kitu. Mlichomeke moja baharini, nawaambia, na bahari ishuke kutoka paa mpaka mlangoni.

Kwa nini baridi ilikuja? Kwa kifupi, kwa sababu dunia haizunguki jua kwa namna ile ile siku zote. Mserbia Milutin Milanković alitumia sehemu kubwa ya maisha yake kukokotoa hesabu hizo kwa mkono: njia ya dunia kulizunguka jua hujivuta na kujikunja kwa mzunguko wa miaka kama 100,000, mwinamo wa dunia hubadilika kwa miaka kama 41,000, na dunia yenyewe huyumba kama pia inayotaka kulala kwa miaka kama 23,000. Mambo hayo yakikutana vibaya, kiangazi cha kaskazini kinapoa, theluji haimaliziki kuyeyuka, na friza imewashwa. Yakikutana kinyume, umeme umekatika. Imetokea hivyo mara nyingi, barafu ikienda na kurudi.

Sasa tuje nyumbani. Panda pantoni pale Magogoni kwenda Kigamboni. Ni safari ya dakika chache, na watu wengi huimaliza wakitazama simu. Mimi husimama ukingoni, kwa sababu pale tunavuka bonde la mto. Tazama umbo la bandari yetu: mlango mwembamba, kisha maji yanajipinda kuelekea Kurasini, yanajigawa vidole, kidole kimoja kikipokea Mto Kizinga na kingine Mto Mzinga. Hilo ni umbo la mto na matawi yake. Bahari ilipokuwa chini, mito hii iliteremka kwa kasi kuifuata huko ilikokimbilia. Mto ukiteremka kwa kasi hukata ardhi, na hii ilikata kwelikweli, ikachimba bonde lenye kina. Kisha barafu ya kaskazini ilipoanza kuyeyuka, kama miaka 19,000 iliyopita, bahari ikapanda. Haikupanda kwa mwendo mmoja. Kuna kipindi, kama miaka 14,600 iliyopita, ilipanda mita 14 au zaidi katika miaka mia chache tu. Ilipofika karibu na hapa ilipo leo, kama miaka 7,000 iliyopita, bonde lile lilikuwa limezama.

Kwa hiyo meli kubwa zinazoingia Dar es Salaam zinapita juu ya bonde lililochimbwa na mto mdogo wa Temeke, wakati maji ya bahari yamefungiwa Kanada. Sultani Majid alipoichagua sehemu hii miaka ya 1860 kwa sababu ya utulivu wa maji yake, alichagua kazi ya barafu ambayo hakuna mtu wa pwani aliyewahi kuiona. Jiji zima limeota kwenye ukingo wa bonde hilo. Hili ndilo ningemwambia yule binti siku ile, kama ningelijua vizuri kama ninavyolijua sasa. Nyumbani kwao Kijichi ni ukingoni kabisa mwa kidole kimoja cha maji hayo.

Nilikuja kuliamini kwa macho, si kwa kitabu, siku fundi wa kisima alipochimba kwa jirani yangu, bondeni karibu na mikoko. Alianza na mchanga mwepesi, akakutana na udongo wa mfinyanzi, kisha tope jeusi lenye harufu ya mikoko. Tope likaendelea kutoka, ndoo kwa ndoo. Ndani yake kulikuwa na vipande vya mizizi na makombe ya chaza, mengine mazima. Fundi alikasirika, maana alijua maji yatakuwa ya chumvi, na kweli yalikuwa ya chumvi, jirani akabaki kununua maji ya madumu. Lakini mimi niliomba kombe moja, ninalo mpaka leo kwenye dirisha la ofisi ya walimu. Mto ulichimba shimo, bahari ikapanda, mikoko ikaota ukingoni, tope likajaza shimo pole pole, mikoko ikasogea juu yake. Watafiti wamechota matope ya namna hiyo Unguja na kwenye delta ya Rufiji, wakahesabu chavua za mikoko tabaka kwa tabaka ili wajue bahari ilipanda lini na ilirudi lini. Tope la mikoko ni daftari linaloandikwa na maji yenyewe.

Bonde la Msimbazi lina historia ya aina hiyo hiyo, na hapo naomba nisimame kidogo. Ukishuka Jangwani unaona sakafu pana, iliyolala kama meza, wakati mto wenyewe kiangazi ni mwembamba kiasi mtoto anauruka. Mto mdogo vile hauwezi kuwa na bonde pana vile, isipokuwa bonde liwe ni la zamani, lilikatwa kuifuata bahari iliyokuwa chini, kisha likajazwa mchanga na tope bahari ilipopanda. Matokeo yake sakafu ya bonde karibu haina mteremko. Maji ya mvua kutoka Pugu yakifika pale yanachelewa, yanatanda, na kama bahari imejaa kwenye daraja la Selander ndiyo hayana pa kwenda kabisa. Desemba 2011 watu walikufa katika mafuriko ya bonde hilo, na waliopoteza nyumba wakahamishiwa Mabwepande, mbali kule Kinondoni. Najua kuna taka kwenye mifereji, kuna nyumba zilizojengwa mahali pasipofaa kwa sababu watu hawakuwa na pengine. Yote hayo ni kweli. Lakini inaniuma kwamba watoto wanaokua Jangwani na Kigogo hawaambiwi hata siku moja kwa nini sakafu yao ni bapa. Wanaambiwa tu kwamba wamekaidi kuhama.

Upande mwingine wa jiji kuna kumbukumbu ya kinyume chake, ya wakati bahari ilipokuwa juu kuliko leo. Nyanya yangu mzaa baba aliishi Kunduchi Mtongani na aligonga kokoto. Alikaa chini ya kivuli cha gunia alilolitundika kwenye fito nne, nyundo mkononi, pete ya mpira kushikia jiwe lisiruke, na rundo lake mbele akisubiri lori. Likizo nilipelekwa kwake, nami nikapewa nyundo ndogo. Jiwe lile la Kunduchi ni jeupe linaloelekea manjano, na likipasuka vizuri ndani yake unakuta maua. Nilidhani ni maua. Nyota ndogo ndogo zimepangana kama kushona kwa mashine, au mistari inayozunguka kama ubongo wa mbuzi. Nyanya aliniambia, "Hilo ni tumbawe, mjukuu wangu. Lilikuwa hai." Nikamuuliza limetoka baharini lini. Akasema halijatoka, bahari ndiyo iliyoondoka.

Nyanya hakusoma hata darasa moja, na alikuwa amesema sawasawa. Matumbawe ni wanyama wadogo sana wanaojenga nyumba za chokaa ndani ya maji ya joto yasiyo na kina kirefu, pale mwanga wa jua unapofika. Juu ya maji hawaishi. Ukikuta tumbawe limesimama kwenye mwamba juu ya kichwa chako, limekaa vile vile lilivyoota, basi maji yalikuwa juu ya kichwa chako. Sehemu kubwa ya miamba ya chini ya pwani yetu, ile ya Oysterbay unayoikalia kula mihogo Coco Beach, ile ya visiwa vya Bongoyo na Mbudya, ni matumbawe ya namna hiyo. Yaliota katika kipindi cha joto kilichotangulia hiki chetu, kama miaka 125,000 iliyopita, wakati barafu ya dunia ilikuwa pungufu kuliko leo na bahari ilikuwa juu zaidi kwa mita 6 hadi 9. Ardhi ya pwani nayo imejiinua kidogo hapa na pale tangu wakati huo, ndiyo maana urefu wa miamba haulingani kila mahali.

Kisha friza ikawashwa tena, bahari ikashuka mita mia na zaidi, matumbawe yakabaki juu yakikauka kama samaki waliosahaulika. Mvua ikayalowesha na kuyagandisha yakawa jiwe. Halafu binadamu akaja, akayakata. Msikiti na makaburi ya kale ya Kunduchi, ambayo yalianza kujengwa karne ya 15, ni jiwe hilo. Chokaa iliyopakwa kwenye kuta za nyumba za mawe pwani nzima ni jiwe hilo lililochomwa kwenye matanuri. Na kokoto za nyanya ziko ndani ya zege la nyumba nisizozijua, Sinza, Mwananyamala, Manzese.

Kati ya bahari ile ya juu na hii ya leo kuna ile ya chini, na hiyo iliacha alama nyingine ambayo Wazanzibari wanaijua zaidi. Mkondo baina ya Unguja na Bara hauna kina kirefu; sehemu kubwa yake haifiki mita 60. Bahari ilipokuwa chini kwa mita 120, mkondo haukuwapo. Mtu angeweza kutoka upande wa Bagamoyo akatembea mpaka Jambiani bila kulowa magoti, isipokuwa kwenye mito. Na watu walitembea. Katika pango la Kuumbi, karibu na Jambiani, ambako Profesa Felix Chami wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alichimba mwaka 2005 na wengine wakafuata, yamekutwa mabaki ya maisha ya watu wa miaka kama 20,000 iliyopita pamoja na mifupa ya wanyama walioliwa nao. Humo mna pundamilia, mna nyati, mna kuro. Pundamilia Unguja! Bahari ilipopanda na kukata njia, wanyama wakubwa walibakia kisiwani na nyika yao ikapungua, mwisho wakaisha. Chui alidumu hadi karne iliyopita.

Pemba ni habari nyingine. Mkondo wa Pemba una kina cha mamia ya mita, mahali pengine karibu mita 800, kwa hiyo hata barafu ilipochukua maji mengi kupita kiasi, Pemba ilibaki kisiwa. Chui hakufika Pemba. Kwa Mpemba na Muunguja wanaobishana nani wa kale zaidi, hoja hii naiacha mezani.

Najua msomaji anasubiri nifike Kilimanjaro, nami nitafika, maana huko ndiko barafu yenyewe ilikofanya kazi kwa mkono wake. Nilisomea ualimu Marangu, na asubuhi ya kwanza kule nilitoka nje na ndoo, nikainua macho, nikaiona Kibo nyeupe juu ya migomba. Nilisahau ndoo. Nilikuwa mtu wa Mbagala aliyejua barafu ni kitu kinachokaa ndani ya friza. Tarehe 11 Mei 1848 mmisionari Mjerumani Johannes Rebmann naye aliiona kwa mara ya kwanza, akamuuliza kiongozi wake kile cheupe ni nini. Kiongozi, mtu wa pwani kama mimi, alikiita tu kwa neno alilokuwa nalo: baridi. London, mwanajiografia William Desborough Cooley, ambaye hakuwahi kufika Afrika Mashariki, alikataa kabisa kwamba theluji inaweza kuwepo karibu na ikweta. Kiongozi yule hakuandikiwa kitabu, lakini alikuwa ameona.

Barafu nzito juu ya mlima haikai tuli. Uzito wake unaisukuma, inateremka pole pole kama ugali mlaini unaoinamishwa kwenye sinia. Barafu yenyewe ni laini kuliko jiwe. Kinachokata ni mawe yaliyogandia chini yake. Inakuwa msasa wenye uzito wa mlima. Mto wa maji hukata bonde lenye umbo la V. Mto wa barafu hulipanua chini na kulisawazisha, likawa kama karai la zege. Panapoishia barafu, mawe iliyoyabeba yanaachwa yamerundikana, makubwa kwa madogo, bila kuchambuliwa, kwa sababu barafu haichagui. Marundo hayo ndiyo ushahidi. Mwaka 1893 mwanajiolojia J. W. Gregory alipanda Mlima Kenya, akayakuta marundo mbali sana chini ya barafu aliyoiona, akaandika kwamba hapo zamani mito ya barafu ilishuka chini zaidi. Bonde la Teleki kule Kenya ni karai hasa. Rwenzori, mpakani mwa Uganda na Kongo, barafu ilishuka zaidi, mpaka karibu mita 2,100 juu ya usawa wa bahari katika bonde la Mobuku, mahali ambapo leo ni msitu. Kilimanjaro nayo ilikuwa na kofia kubwa kuliko hii tunayoijua, mito yake ikishuka chini ya mita 4,000, na uwanda kati ya Kibo na Mawenzi umeachiwa alama zake.

Wakati huo huo, nchi ya chini ilikauka. Maji yakifungwa kwenye barafu na bahari ikipoa, mvua hupungua. Ziwa Victoria, lile lile la sangara na dagaa, lilikauka kabisa kama miaka 16,000 iliyopita, na sakafu yake ikaota majani. Lilianza kujaa tena kama miaka 14,700 iliyopita. Nikiwaambia hivyo wanafunzi wenye asili ya Mwanza hawaniamini, wananiomba nirudie.

Barafu ya Kibo ilipopimwa mwaka 1912 ilikuwa karibu kilometa za mraba 12. Mwaka 2011 zilikuwa chini ya 2. Ni hasara inayoniuma kama mtu aliyeiona asubuhi ile akiwa na ndoo mkononi. Lakini kila mwaka lazima nirekebishe kosa moja darasani: wanafunzi wanadhani barafu ya Kilimanjaro ikiyeyuka, Temeke itazama. Hapana. Ile ni kidogo mno. Yote ikiyeyuka leo, bahari haitaona. Bahari inaangalia Greenland, yenye barafu ya kuipandisha mita 7 hivi, na Antaktika, yenye zaidi ya mita 50. Hizo hazitayeyuka kwa maisha yetu, wala ya wajukuu wetu, lakini zimeanza kuvuja, na bahari yenyewe ikipashwa joto inavimba. Tangu mwaka 1900 uso wa bahari duniani umepanda sentimeta 20 hivi, na mwendo unaongezeka.

Somo hilo nalifanya na mabeseni mawili. Beseni la kwanza lina maji na mabonge ya barafu yanaelea. Tunaweka alama ya kalamu pembeni. La pili lina maji na jiwe kubwa katikati, na mabonge ya barafu yamekaa juu ya jiwe, tunaweka alama. Tunasubiri, na kwa joto la Temeke hatusubiri sana. Beseni la kwanza maji yanabaki pale pale kwenye alama. La pili yanapanda. Barafu inayoelea tayari imekwisha kuchukua nafasi yake majini. Iliyo nchi kavu ndiyo inayoongeza. Barafu za jaribio nazinunua kwa mama mmoja jirani na shule, za mifukoni, zisizo na rangi wala sukari. Aliponiuliza za nini, nilimwambia ni za kufundishia. Tangu siku hiyo hunipa moja ya nyongeza na kuniambia, "Hii ya mwalimu mwenyewe."

Mwezi uliopita nilipeleka darasa la kidato cha pili Coco Beach, wanafunzi 28 katika Coaster moja, siku ya bamvua ili maji yakipwa yatuachie nafasi ya kusimama chini ya mwamba. Niliwaambia wasitafute chochote, waangalie tu. Baada ya kitambo, mvulana mmoja mfupi kuliko wenzake wote aliita. Alikuwa ameliona kwenye ukuta wa mwamba: tumbawe duara, kubwa kama kichwa cha mtu, mistari yake inazunguka, limekaa vile vile lilivyoota. Alinyoosha mkono kuligusa. Hakulifikia. Akaruka, hakulifikia.

"Madam," akasema, "maji yalikuwa yanafika hapa?"

Nikamwambia atazame juu. Apite tumbawe, apite ukingo wa mwamba, afike kwenye makuti ya mnazi ulioinama juu yetu. Hapo, nikasema, au karibu na hapo. Wote 28 wakainua nyuso zao, wakanyamaza, wakawa wanautafuta uso wa maji.